Housabai na Mjukuu Aliyekuwa Tumboni

Housabai Magdum alianza kuzungumza na mwanawe miezi mitano kabla ya kumwona. Alikuwa na umri wa miaka kumi na saba, ameolewa katika ukoo wa wachemshaji wa sukari guru, na kila alasiri alimpelekea mume wake chakula kwenye banda refu la kuchemshia, kati ya mashamba ya miwa na mto Panchganga. Mama mkwe wake alikuwa amemwonya: "Kuanzia mwezi wa nne mtoto ana masikio. Utakachosema mbele yake atazaliwa nacho. Kwa hiyo chunga ulimi."

Housabai aliuchunga, lakini hakuunyamazisha. Aliketi kando ya karai kubwa, jasho likimtiririka mgongoni, akaliambia tumbo lake: "Sikia, mwanangu. Hiyo ni shira. Sasa inatoa mapovu madogo, inapiga kelele kama watoto wa shule, bado haijaiva. Subiri kidogo. Haya sasa, povu limekuwa zito, linapasuka polepole. Hapo ndipo baba yako anapowaambia waipue."

Wanaume waliokuwa wakilisha moto makapi ya miwa walimcheka. "Unamfundisha kazi hata meno hana?"

"Ninyi mlifundishwa mkiwa na meno yote," aliwajibu, "na bado mnaiunguza."

Mtoto akazaliwa wa kiume, wakamwita Vilas. Alipofika miaka kumi na mitano aliweza kuligeuzia karai mgongo, akasikiliza tu, kisha akasema "ipueni," na sukari ikatoka ya rangi ya dhahabu, laini, bila chembe ya uchungu. Wenye mashamba waligombania zamu zake. Kijijini hakuna aliyeshangaa. Walisema mama yake alimfundisha akiwa tumboni, basi.

Mumewe Housabai hakuishi kuyaona hayo. Vilas alikuwa na miaka minane homa ilipomchukua baba yake. Siku ya maziko wanawake walimvunja Housabai bangili kwa jiwe, wakamfuta alama nyekundu ya paji la uso, na tangu siku hiyo akawa mkosi, kama kila mjane. Kwetu, mwanamke mwenye mimba akifika mwezi wa saba hufanyiwa karamu. Huvishwa sari ya kijani na bangili za kijani, hukalishwa kwenye bembea yenye maua, na wanawake watano wenye waume humjaza pindo: humtilia katika pindo la sari nazi, mchele, popoo na matunda, wakimwombea yeye na kiumbe chake. Mjane hagusi sinia lenye vitu hivyo. Housabai aliyapika mapochopocho ya karamu nyingi, kisha akabaki jikoni na moshi.

Ila wajawazito hawakumsahau. Walimjia kwa mlango wa nyuma, mchana watu wakiwa mashambani, wakafunua tumbo na kusema, "Mama, nisemee naye kidogo." Naye aliosha mikono, akataja jina la mungu wa kike Ambabai, akaweka kiganja na kuanza. Alimweleza mtoto mto uko upande gani, babu zake waliitwa nani, mvua ya kwanza inanukaje. Jambo moja hakulisema kamwe, nalo ni huzuni. Hiyo ndiyo iliyokuwa sheria kuu aliyoachiwa na mama mkwe wake. Mtoto wa tumboni haambiwi msiba, haambiwi njaa, haambiwi ugomvi. Anaambiwa mazuri tupu, ili apende kuja.

Mwaka ule mvua ilipochelewa, mkewe Vilas, Vaishali, alikuwa na mimba ya miezi mitano. Vilas alipanda trela la miwa kurudi nyumbani, trela likapinduka kwenye kona ya daraja, na miwa ikamlalia. Alikuwa na miaka ishirini na tisa.

Aliyezivunja bangili za Vaishali alikuwa Akkatai, dada mkubwa wa marehemu mumewe Housabai. Mwanamke mrefu, mwenye mume mzima na wana wanne, sauti yake ikisikika kutoka kisimani hadi hekaluni. Tangu ndugu yake afe yeye ndiye aliyekuwa akisimamia mambo yote ya mila katika ukoo, na aliyasimamia bila kutetereka. Alimlilia Vilas mpaka sauti ikakauka, kisha akaokota jiwe na kufanya lililompasa kufanya.

Siku hiyo Vaishali alifunga mdomo. Hakuwa bubu, ukimuuliza kama maji yamechemka atakwambia ndiyo. Lakini maneno yake mwenyewe yalikwisha. Alikula vijiko viwili na kusogeza sahani. Na zaidi ya yote, hakuligusa tumbo lake. Alilibeba kama mtu aliyetwishwa mzigo wa jirani.

Housabai aliyaona hayo, akaogopa kuliko alivyoogopa kifo. Mtoto yumo ndani, alifikiri, anasikia nyumba nzima ikinyamaza. Anajifunza nini? Anajifunza kwamba hatakiwi. Atazaliwa na somo hilo moja, na hakuna shule itakayomfutia.

Kwa hiyo kila asubuhi, baada ya kuwasha taa mbele ya sanamu ya Ambabai, aliingia chumbani kwa mkwewe na glasi ya maziwa, akakaa chini kando ya kitanda na kuweka mkono juu ya tumbo. "Mjukuu wangu, kumekucha. Baba yako ametoka mapema, yuko bandani. Leo wana miwa mizuri, shira itakuwa safi. Jioni atakuletea kipande cha sukari kikiwa bado cha moto."

Vaishali aligeuza uso ukutani. Maziwa yalipoa na kutanda utando.

Wiki nane zilikwenda hivyo. Kisha mwezi wa saba ukafika, na Akkatai akaja. Hakuketi.

"Wifi, nimekuja kukuondolea aibu ya kuuliza. Karamu hakuna."

"Sikuwa nauliza," alisema Housabai, akiendelea kupepeta mchele.

"Mwaka haujaisha tangu maziko. Tena msichana ni mjane. Kijani hakimhusu, bangili hazimhusu. Mpeleke kwa wazazi wake Miraj akajifungulie huko, yaishe."

"Aliyekufa ni Vilas, wifi. Mtoto yu hai. Karamu ni yake."

"Mtoto!" Akkatai alishusha sauti, kwa namna yake ya kushusha sauti, ambayo jirani bado aliisikia. "Mtoto aliyemmeza baba yake kabla hajatoka. Watu wanasema, si mimi."

Housabai aliweka ungo chini. Akainuka, akasogea mpaka pua zao zikakaribiana, ingawa ilimbidi atazame juu.

"Rudia hapa hapa. Yuko chumba cha pili, anasikia. Mwambie mwenyewe, usimtumie watu."

Akkatai alirudi nyuma hatua moja. "Unajifanya shujaa uzeeni. Haya, nani atamjaza pindo? Wewe? Nitafutie wanawake watano wenye waume watakaokanyaga nyumba hii. Nitafutie mmoja! Na nikwambie mapema: ukiifanya karamu hiyo, sisi hutatuona siku ya kumpa mtoto jina. Sitatia mguu mimi, wala wanangu, wala wake zao. Atapewa jina na kunguru."

"Kunguru wana sauti nzuri kuliko wengine ninaowajua," alisema Housabai.

Akkatai alipoondoka, Housabai alikwenda kusimama mbele ya Ambabai. Alikuwa mcha Mungu; katika maisha yake hakuwahi kula kabla ya kuwasha taa ile. Siku hiyo hakupiga magoti. "Mama," alisema, "mume ulimchukua, nikasema sawa. Mwana ulimchukua, sikusema sawa, lakini nilinyamaza. Huyu wa tumboni hujamchukua, na watu wako wanamzika. Ijumaa nitamjaza mkwe wangu pindo. Siombi ruhusa. Nakujulisha tu, ili usije ukasema hukualikwa."

Akatoka kutafuta wanawake. Wa kwanza alisema siku hiyo ana mgeni. Wa pili alisema goti linamuuma, na hapo alikuwa amechuchumaa akipondaponda pilipili. Wa tatu alikuwa yule ambaye Housabai alizungumza na mimba zake zote mbili kwa mlango wa nyuma. Huyo alishika mkono wake akalia, akasema, "Mama, mume wangu atanifukuza," na Housabai akaona kweli angefukuzwa. Wa nne hakufungua.

Alipita kwa Bapu, muuza bangili. Kwetu bangili za kijani huvishwa na muuzaji mwenyewe, anaukamua mkono wa mwanamke taratibu mpaka kioo kipite bila kuvunjika. Bapu aliposikia ni za nani aliachia furushi.

"Mama Housabai, baba yangu alikuvisha wewe. Babu yangu alimvisha mama mkwe wako. Lakini mjane? Sijawahi. Hata nikitaka, vidole vitakataa."

"Vidole vyako vina mila kuliko moyo wako."

"Nitukane tu, una haki." Akapangusa bangili kwa kitambaa. Alhamisi alipita barabara ya nyumbani kwa Housabai, akaketi barazani kuomba maji, akanywa, akaenda zake. Furushi dogo likabaki. Housabai alimwita. "Bapu! Umesahau kitu!"

"Mimi?" alisema bila kugeuka. "Mzee nasahau mengi siku hizi. Nitalipitia wiki ijayo."

Bangili zikapatikana hivyo, wanawake bado. Ijumaa asubuhi mapema Housabai alikuwa mtoni akisugua sinia la shaba kwa majivu, peke yake, akisugua kwa hasira kana kwamba sinia ndilo lililokataa. Tanubai akashuka ngazi na nguo zake za kufua. Tanubai alikuwa mjane tangu umri wa miaka ishirini na miwili, sasa alikuwa na sabini na meno matatu, na kijiji kizima kiliogopa mdomo wake.

"Shoga, sinia hilo litatoboka. Nasikia unatafuta wanawake watano."

"Nimewakosa."

"Umetafuta wapi?"

Housabai alimtajia nyumba zote.

"Kwangu hukuja."

"Tanubai, wewe..." Housabai alisita.

"Mimi nini? Sema. Mimi mkosi? Na wewe ni nani, bibi harusi?" Tanubai alitupa nguo majini. "Umemtukana Akkatai, umemtukana Bapu, nasikia hata Ambabai hukumwacha. Kisha unazunguka kijijini ukitafuta wenye waume, kama Akkatai alivyokutuma. Mimi nina mikono miwili. Waume wetu ndio waliokufa, mikono haikufa."

Housabai alikaa chini kwenye jiwe lenye maji. Miaka ishirini na moja alikaa jikoni kwenye karamu za watu akiona ameonewa, na siku alipopata karamu yake mwenyewe aliwaruka wenzake waliokaa naye kwenye moshi uleule. Aliona haya. Kisha akacheka, mara ya kwanza tangu ajali ya darajani.

"Utakuja na nani?"

"Niachie mimi. Wewe kapike."

Wakaja saa nne asubuhi, Tanubai na wengine watatu, wamevaa sari zao zisizo na rangi, wamechana nywele kwa mafuta. Housabai akawa wa tano. Bembea ilikuwa imefungwa barazani, mahali pa wazi ambapo kila mpita njia anaona. Tanubai ndiye aliyekataa ifungwe ndani. Vaishali alivishwa sari ya kijani, na hakupinga, kama vile asivyopinga chochote. Bangili alivishwa na Housabai mwenyewe. Mbili zilivunjika, kwa kuwa hakuwa na vidole vya Bapu, na zilizobaki zikaingia.

Walipofika kwenye sinia la unga wa manjano na poda nyekundu, mikono ilisimama. Hakuna kati yao aliyekuwa amechovya kidole humo tangu alipofiwa. Mmoja alificha kiganja ndani ya sari. "Chovya," alisema Tanubai, "si moto." Akachovya yeye, akampaka Vaishali paji la uso, na alama ikakaa upande, kwa sababu macho yake hayakuona vizuri. Akaanzisha wimbo. Wenzake walimtazama.

"Huo ni wa harusi, Tanubai."

"Ule mwingine nani alinifundisha? Nilikuwa jikoni. Imbeni!"

Wakaimba wa harusi.

Kelele ikavuta watu. Walisimama barabarani, na mbele yao akasimama Akkatai, mikono kiunoni. Hakuvuka kizingiti cha ua. "Tazameni!" alisema. "Kunguru watano wanambariki wa sita!"

Housabai alishika nazi kwa mikono miwili, akaiweka katika pindo la Vaishali, akafuatisha mchele, popoo, ndizi na kipande cha sukari guru. Kisha akapiga magoti mbele ya bembea, akaweka kiganja juu ya tumbo, akapaza sauti ili na walio barabarani wasikie.

"Mjukuu wangu, leo ni siku yako. Umependwa. Baba yako yuko bandani, amechelewa kidogo kwa kazi, lakini..."

"Nyamaza, Mama."

Ilikuwa sauti ya Vaishali. Wimbo uliokuwa ukiendelea chini chini ukakatika. Vaishali alikuwa amemshika mama mkwe wake kifundo cha mkono, bangili zikilia.

"Nyamaza. Nimechoka. Kila asubuhi unaingia na maziwa na kumdanganya mwanangu. Yuko bandani, atarudi jioni. Nami nalala pale nasikiliza, nasubiri jioni! Mimi ninayejua! Siku moja nilisikia trekta nikainuka."

"Mwanangu, huzuni haiambiwi..."

"Anaisikia! Moyo wangu uko juu ya kichwa chake, Mama. Unafikiri anasikia nini usiku kucha? Anasikia moyo unasema kafa, na bibi anasema kaenda kazini. Amwamini nani?" Machozi yalimtoka, lakini sauti haikuyumba. "Wao wananiambia nisimtaje kwa sababu ni mkosi. Wewe unaniambia nisimlilie kwa sababu ya mtoto. Nikamlilie wapi? Nikifungua mdomo nitasema kweli, na kweli imekatazwa nyumba nzima. Ndiyo maana nimenyamaza."

Barabarani Akkatai aliwageukia watu. "Mmesikia? Ugomvi juu ya tumbo, siku ya baraka!"

Housabai alibaki amepiga magoti. Sheria ile alikuwa ameishika maisha yake yote. Mama mkwe wake alimwachia, naye aliipeleka kwa matumbo zaidi ya mia. Wiki zote hizi alipambana na wifi yake, na jirani, na muuza bangili, akidhani kuta zote ziko nje ya nyumba. Nao ukuta mmoja ulikuwa kiganja chake. Akautazama mkono wake, ukiwa bado juu ya sari ya kijani, na chini yake mtoto akajigeuza.

Alivuta pumzi. Akazungumza polepole, kama mtu anayepita gizani penye ngazi asizozijua.

"Mjukuu wangu. Mimi ni bibi yako. Nimekudanganya wiki nane. Baba yako hayuko bandani. Baba yako amekufa. Alikuwa anarudi nyumbani, trela likapinduka darajani." Akafuta uso kwa mkono wa pili. "Alikuwa mwanangu. Nilimfundisha kusikiliza shira akiwa mahali ulipo wewe sasa. Sikumfundisha kufa mapema, hilo si langu. Hatarudi jioni. Na sisi bado tunakutaka. Njoo."

Akaweka paji la uso kwenye goti la mkwewe, akalia kwa sauti, kilio ambacho siku ya maziko hakukitoa kwa kuwa tumbo lilikuwa karibu. Tanubai alimpapasa mgongo bila neno, jambo ambalo kwa Tanubai lilikuwa la kushangaza.

Vaishali aliuachia mkono wa Housabai. Kisha, mbele ya watu wote, akaweka viganja vyake viwili juu ya tumbo, vidole vimetanuliwa.

"Alikuwa anakoroma," alisema. Si kwa Housabai. "Baba yako. Alikuwa anakoroma na akiamshwa anakataa. Alikuwa hapendi bamia. Alikuwa anaimba vibaya kabisa, ila alikuwa anasikia vizuri kuliko watu wote. Alisema ukizaliwa wa kike atakufundisha wewe kazi ya karai, na watu waseme wanachotaka." Akacheka kidogo, akafuta pua na pindo la sari, mchele ukamwagika miguuni. "Mimi ni mama yako. Sijakusemesha siku nyingi. Sasa tutasema."

"Mtasema nyinyi wawili!" Akkatai alipiga ukelele kutoka barabarani, na sauti yake ilikuwa imepasuka katikati, macho yalikuwa mekundu, maana Vilas alikuwa mtoto wa ndugu yake. "Mtasema na kuta! Nimeshakula kiapo, siku ya kumpa jina hatuji! Hata mmoja!"

Housabai aliinua kichwa ajibu, lakini mkwewe alimtangulia. Vaishali hakumtazama Akkatai. Aliinamia tumbo lake, akalisemesha kwa sauti ya kawaida, ile anayotumia mama akimwonyesha mtoto watu barabarani.

"Umesikia? Huyo anayefoka ni bibi yako Akkatai. Ndivyo anavyolia. Hatakuja kwetu, basi, sisi tutakwenda kwake. Siku ya kumi na mbili tangu uzaliwe, siku ya jina, nitakubeba mpaka mlangoni pake na bangili zangu za kijani, na jina lako utalitajiwa hapo hapo kizingitini, afungue asifungue."